Bati kwenye Mnazi Mfu

Mimi si mtu wa kusema watu, lakini Punua namjua. Ni mtoto wa baba yangu mdogo. Alikaa Tahiti miaka kumi na miwili, mwaka huu karudi kisiwani kwetu Niau anachekacheka na kila mtu. Mtu wa hivyo ana lake jambo.

Shamba la babu halijagawanywa mpaka leo. Kwetu, anayefyeka, akachoma makuti na kuvisha minazi bati kiunoni ili panya wasipande, huyo ndiye mwenye shamba. Ukilala, imekula kwako. Nimelifyeka peke yangu tangu niolewe, na mbata zake ndizo zilizowasomesha wanangu. Sasa Jumamosi naingia shambani, nakuta bati jipya linang'aa, tena kwenye mnazi mfu, umekatika kichwa, umebaki gogo limesimama.

Nani anamzuia panya kwenye mnazi usiozaa? Nikajua hiyo si kinga, ni alama. Ameanzia pembeni, kesho atanifikia mlangoni.

Jumapili, ibada ilipoisha, nikamuuliza mbele ya watu. Akatazama watoto waliotuzunguka, akasema atanieleza tukiwa wawili, ila nisiuguse huo mnazi kwa wiki mbili. Wiki mbili! Za kwenda kujiandikishia shamba, eti mimi mjinga. Nikamwambia shamba la babu haliliwi kwa kipande cha bati. Watu wakacheka, yeye akavaa kofia yake akaenda zake, na hilo ndilo lililonichoma zaidi.

Asubuhi nikabeba shoka. Ndege wawili aina ya mdiria, hawa wetu wasiopatikana popote duniani ila Niau, wakanipigia kelele kichwani tangu pigo la kwanza. Nikawauliza kama na wao wametumwa. Gogo lilikuwa limeoza, halikuchelewa kuanguka, likapasuka katikati.

Ndani mlikuwa na tundu, na ndani ya tundu makinda mawili, manyoya ndiyo kwanza yanachomoza. Yalikuwa yamekufa yote mawili. Nikaliweka shoka chini, nikakaa.

Punua alikuwa amelisikia shoka, akaja mbio. Hakunitukana, na afadhali angenitukana. Alichuchumaa, akayaokota makinda akayatia kwenye kofia yake. Wale wakubwa walikuwa bado wanalia juu yetu.

"Dada," akasema, "nilimzibia njia panya. Wewe sikukuwaza."