Masoka Aliyevuka Luama

Siku ya Alhamisi, kabla umande haujakauka, Sangwa aliingia uani kwa Hemedi, mjini Kasongo, akiswaga mbuzi watatu. Begani alibeba jino dogo la ndovu lililofungwa kwa majani ya mgomba. Wajakazi wanane walikuwa wakitwanga mpunga, wawili kwa kila kinu, wakipokezana michi. Sangwa aliwatazama usoni mmoja mmoja. Kwa wa sita alisimama.

Alikuwa mwanamke wa miaka arobaini hivi, mwenye mvi. Kipajini alikuwa na chale tatu, na ya katikati ilipinda. Sangwa ndiye aliyeichanja chale hiyo kwa mkono wake, nayo ilipinda kwa sababu mtoto alitikisa kichwa. Mtoto huyo alikuwa Masoka, binti yake wa miaka tisa, aliyechukuliwa na watu wa bunduki shambani karibu na Kabambare, msimu wa mahindi uliopita. Sangwa mwenyewe alikuwa na miaka ishirini na saba.

"Masoka," aliita.

"Mie Aziza," mwanamke alijibu kwa upole, bila kusimamisha mchi. "Karibu. Hao mbuzi ninawakumbuka."

Sangwa alielewa kwamba binti yake alikuwa amevushwa kwenye kivuko kile cha Luama.

Njia ya Kabambare kwenda Kasongo huvuka mto Luama, na vivuko viko vingi. Kimoja kati ya hivyo, chenye maji ya magotini tu, kilimpeleka mtu kwenye miaka yake ya mbele kabla hajafika ukingo wa pili. Wengine walikwenda miaka mitano, wengine thelathini. Kisha walirudi, wakatoka majini na umri walioufikia huko mbele, na siku za mbele wakazikumbuka kama mtu anavyokumbuka jana. Siku za nyuma zilifutika. Kuyashika yaliyopita na yajayo kwa pamoja ni kwa Mwenyezi Mungu peke yake. Kifua cha binadamu ni kidogo. Moja likiingia, lingine hutoka.

Watu waliuita ugonjwa wa Luama. Mwanzoni wafanyabiashara walikikwepa kivuko hicho. Baadaye waliona kwamba mateka aliyepita pale hakutoroka, kwa kuwa hakuwa na mahali pa kukumbuka. Tangu hapo walikipitia kwa makusudi. Walipata hasara ya wachache waliotoka vikongwe, wakasema ni kudra. Sangwa alikuwa amezunguka kwa kivuko cha juu, siku nne zaidi, ili afike na akili yake.

Mchana ule alikwenda barazani kwa kadhi, Mwalimu Faradji. Kulikuwa na desturi mjini: ndugu wa mateka aliruhusiwa kumkomboa, mradi mateka amtambue kwa kinywa chake mbele ya mashahidi wawili. Hemedi alikuja na Aziza, akaketi, akachezesha tasbihi.

"Huyu ni mutoto wangu," Sangwa alisema. "Nilimuzaa mimi, na chale nilichanja mimi."

"Mama mbichi, mtoto kaiva," Hemedi alisema. "Kwenu mnavuna kabla ya kupanda?"

Watu wa baraza walicheka kidogo. Kadhi hakucheka. "Tangu Ramadhani huyu ni mama wa nne aliye mdogo kuliko mwanawe," alisema. "Umri si hoja. Hoja ni kinywa cha mjakazi."

Sangwa alishika majani ya mgomba kwa mikono miwili. Kwao Kabambare walisali kwa wahenga, na njiani alikuwa amesikia watu wakimwita Mungu mmoja. Aliwaomba wote.

"Aziza," kadhi aliuliza, "unamjua mwanamke huyu?"

"Namujua, Mwalimu. Namujua sana."

Sangwa alianza kulia.

"Ni Faida," Aziza aliendelea. Alitabasamu, maana kumbukumbu hiyo ilikuwa njema. "Ni mujakazi mwenzangu wa kwa bwana Hemedi. Tunatwanga kinu kimoja. Analala pembeni yangu, na masika anakohoa. Miaka mingi tuko pamoja."

Hemedi aliacha tasbihi.

"Hayo hayajakuwa bado!" Sangwa alipaza sauti. "Mie siko mujakazi wa mutu! Nimekuja na miguu yangu!"

"Ushahidi haukusema umekujaje," kadhi alijibu. Aliwageukia mashahidi. "Je, Aziza amewahi kusema neno lisiwe?"

Mashahidi walifikiri. Alikuwa ametaja siku ghala la chumvi litakapoungua, nalo liliungua. Alikuwa amelia msiba wa mke mdogo wa Hemedi wiki nzima kabla ya homa kuanza. Walisema hawajawahi kumsikia akikosea. Basi kadhi aliandika kwamba Faida ni mjakazi wa Hemedi, kwa ushahidi wa mtu mkweli. Mbuzi na jino navyo vilikwenda kwa Hemedi, kwa kuwa mali ya mjakazi ni mali ya bwana wake. Kisha adhana ililia, wote wakaenda kuswali.

Sangwa hakufungwa kamba. Lango la ua lilikuwa wazi hadi jioni, na njia ya Kabambare ilionekana kutoka pale. Alisimama langoni muda mrefu. Kisha alirudi, akachukua mchi uliokuwa umeegemezwa kwenye kinu cha Aziza.

"Kila siku unaniita Masoka," Aziza alimwambia. "Mie naitika tu. Inakupendeza."

"Masoka," Sangwa alisema.

"Labeka."

Walitwanga. Walipopumzika, Aziza alimsimulia yaliyobaki, kama dada mkubwa anavyomsimulia mdogo wake. Watakuja watu wengine na bunduki zaidi, na bendera yenye nyota. Hemedi atakimbia usiku. Watu wa bendera watatangaza kwamba watumwa hawako tena, halafu watataka mpunga, vikapu vingi kuliko vya Hemedi, na atakayechelewa atachapwa kiboko.

"Wewe uliogopa sana siku hiyo," Aziza alisema. "Nilikushika mukono."

Sangwa alipepeta, pumba zikaruka. Ndipo akauliza lile alilokuwa akiliogopa tangu barazani.

"Na siku ya kurudi kwetu Kabambare? Mie na weye, kwa miguu. Hiyo unaikumbuka?"

Aziza aliweka ungo chini. Alikuwa amekwenda miaka thelathini na moja mbele, na sasa aliipitia yote taratibu, macho amefumba, midomo ikicheza kama ya mtu anayesali. Alifika mwisho, akarudia tena ili asimdhulumu mwenzake.

"Hapana," alisema. "Hiyo sina." Aliuokota ungo. "Kesho kutwa itanyesha baada ya adhuhuri. Tuanue mpunga mapema."

Kesho kutwa yake, watu walipokuwa wakitoka msikitini adhuhuri, mvua ilinyesha.