Pumziko la Shaba

Majira ya baridi ya mwaka wa themanini na nne, Mwatime alikuwa akikaanga maandazi jikoni kwao Hyattsville, Marekani, alipoona kunyanzi likitembea chini ya ngozi ya mkono wa mumewe. Lilikuwa jembamba, kama la mkeka uliosukumwa kwa mguu. Lilianzia begani, likapita kiwikoni bila haraka, likatokea kwenye kidole gumba na kuacha kingazi kidogo ambacho ukucha ungeweza kukihisi. Jabir alilitazama, akapuliza chai yake. Alisema ni mambo ya kazini.

Kazi yenyewe ilikuwa kukunja mabomba ya shaba katika karakana moja huko Laurel, oda ya serikali. Jabir alikwisha kumweleza mkewe namna shaba inavyokunjika: ndani yake mna makunyanzi kama hayo, na yakipita, tabaka moja huteleza juu ya jingine, bomba likainama. Ukizidi kulikunja, makunyanzi hujaa na kuzuiana njia kama waalikwa kwenye mlango wa harusi, shaba ikawa ngumu. Ukiilazimisha, inakatika. Ndiyo maana kila baada ya mikunjo mitatu bomba lilitiwa tanurini lipumzike, likatoka limelainika. Wakunjaji wenyewe walikwenda kazini Jumamosi, na Jumapili pia, kwa kuwa oda ilichelewa.

Basi Jabir akaanza kukakamaa. Kwanza viwiko vilikataa kukunjika, akawa analishwa. Halafu magoti, akawa anasali kitini. Usukani aliushika Mwatime, na njia nzima kwenda Laurel moyo ulimdunda kila gari lilipoingia shimoni. Kila alipoamka alivipapasa kwanza vidole vya mumewe, kuona kama bado vipo. Ugumu haukumtisha. Alichoogopa ni kwamba atavunjika.

Kwao Tanga mwili uliochoka hukandwa, na Mwatime alikuwa mkandaji hasa, wazazi waliotoka kujifungua aliowainua kitandani hawana idadi. Akamlaza Jabir sebuleni, akamkanda kwa kitambaa cha maji, kwa nguvu zake zote. Sasa hapo ndipo alipokosea, maana boila la jengo lilikuwa bovu na maji yalikuwa vuguvugu tu. Kila alipobonyeza, makunyanzi mapya yalizaliwa chini ya viganja vyake. Naye, maskini, akazidi kubonyeza, akidhani hajabonyeza vya kutosha.

"Acha, mke wangu," Jabir alisema taratibu. "Bila moto unanizidishia ugumu."

Mwatime aliacha. Alikaa sakafuni akalia, kwani mikono ile aliiamini kuliko daktari. Kwenye kifundo cha mkono wa kulia wa mumewe palikuwa na ufa, mwembamba kuliko unywele.

Mwenda bure si mkaa bure, huenda akaokota. Asubuhi Mwatime hakumshusha mumewe mlangoni mwa karakana, aliingia naye hadi ndani. Msimamizi, Ndirangu, mtu wa Nyeri asiyepandisha sauti hata kwa nzi, aliugusa ufa ule, akakubali kwamba ni ufa. Mwatime aliomba likizo. Kama haiwezekani, basi aliomba tanuri, Jabir aingizwe pamoja na mabomba, walau mikono tu.

"Mama, nakuelewa kabisa," Ndirangu alisema. "Lakini hiyo tanuri ni ya mabomba. Na likizo, wacha tumalize hii oda kwanza. Ukweli ni kwamba saa hii ndio anafanya kazi poa."

Hakusema uongo. Mkono wa Jabir ulikuwa hauyumbi, wenzake waliyakunjia mabomba juu yake, na hata moja halikwenda upande. Mwatime alirudi garini akasubiri, akisoma kila dua aliyoijua.

Kabla ya adhuhuri ulisikika mlio kutoka karakanani, si mkubwa, kama kijiko kilichoanguka. Mkono ulikuwa umekatika kifundoni. Damu haikutoka, na pale ulipokatikia palimetameta chembechembe za kijivu. Jabir alitoka na kiganja chake ndani ya mfuko wa koti, akamwomba mkewe radhi kwa kumsubirisha kwenye baridi.

Ndirangu aliwafuata hadi kwenye dirisha la gari. Alitoa pole, na ilikuwa pole ya kweli, machozi yalimlengalenga. Alisema ajali ile imewafundisha jambo, na ofisi imekwisha kuamua: tangu kesho bomba litapumzishwa kila baada ya mkunjo mmoja.

"Na yeye?" Mwatime aliuliza.

Ndirangu alimtazama Jabir kwa huruma.

"Yeye bado ako na wa kushoto," akasema. "Kesho aje saa moja."