Sauti Nyuma ya Mlango

"Kata," alisema mwongozaji, binti mdogo mwenye hedifoni kubwa kuliko kichwa. "Kuna mtu ananong'ona."

Wote wakamgeukia Mzee Kinong'ono, aliyejibanza nyuma ya kamera na daftari lake, midomo ikimcheza. Miaka ishirini na miwili alikaa kwenye kishimo mbele ya jukwaa, akiwanong'oneza waigizaji maneno waliyosahau. Wenye kutia chumvi husema hata bwana harusi mmoja alimkodi amkumbushe jina la mke.

"Samahani, baba yangu. Kwenye filamu mtu akikosea tunarudia tu. Mnong'onezaji hahitajiki."

"Kwa hiyo mimi ndiyo basi?"

Mzee akatoka, akakaa kwenye ngazi za nje, daftari mapajani kama mgonjwa aliyebeba cheti chake.

Mchezo wenyewe ulikuwa wa mtu aliyebanwa kidole na mlango, akaapa hali wala halali mpaka mlango umwombe radhi. Jukwaani ulichukua saa mbili. Filamu ilipewa dakika kumi. Lakini mwigizaji, rafiki wa Mzee tangu ujana, alikwama mara tisa.

"Maneno ninayo," alisema, "ila hayatoki mpaka niyasikie kwake kwanza. Nimezoea vibaya."

"Kumbe bado unalishwa, mjomba," mpiga picha akamtania.

"Na wewe toa hiyo betri ya kamera, tukuone."

Mzee akaitwa, akafichwa nyuma ya mlango. Kumbe kinasa sauti kilikuwa kimetegwa papo hapo mlangoni. Aliponong'ona, mwongozaji alivua hedifoni, akazitazama, akazivaa tena. Masikioni mwake, mlango ulikuwa unamfundisha mtu jinsi ya kuulaumu.

"Mtu asimzuie," alisema binti polepole. "Endeleeni."

Wakaenda hivyo, mnong'ono mbele, sauti nyuma, hadi daftari likaisha. Hakuna aliyesema kata. Mwigizaji akasogeza kigoda chake karibu na mlango.

"Miaka yote unanipa maneno yangu," alisema. "Ya kwako yako wapi, ndugu yangu?"

Hilo halikuandikwa popote. Mzee alifunua ukurasa wa mwisho, akaukuta mtupu. Akalifunga daftari taratibu, karatasi zisipige kelele, akaegemeza paji la uso kwenye ubao wa mlango, na upande wa pili wote wakasikia pumzi ikivutwa, ndefu, ya mtu anayetaka kuanza.