Opiter, Mtoto wa Volero

Kwetu Lanuvium mtoto wa kiume hupewa jina siku ya tisa. Kabla ya hapo anaitwa mtoto tu, maana wengi hawafiki. Mtoto wa kaka yangu Volero aliifikia siku hiyo akiwa mnene, mwenye sauti nzito kama ya mzee, na baba yake alikuwa ametimiza siku ishirini na tatu kaburini.

Mimi ndiye niliyemlea, kwa hiyo nitasimulia nilivyoona. Naitwa Pontilia, kama anavyoitwa kila binti wa ukoo wetu. Wakati huo nilikuwa nimerudi nyumbani baada ya mume wangu kufa kwa homa ya mabondeni. Tulikuwa watu wanne: baba yetu Manius, kaka yangu Volero, mkewe Rutilia aliyekuwa na mimba yake ya kwanza, na mimi.

Baba alikuwa mchimbaji wa mahandaki ya maji. Vilima vyetu vina mabonde yanayoshika maji kama bakuli, na ngano haioti kwenye bakuli la maji. Basi watu walikuwa wakimwita Baba aje ayatoe. Anachimba visima kufuata mstari, kisha anaviunganisha huko chini kwa njia nyembamba ambayo mtu mmoja hupita ameinama, na maji yanatokea upande wa pili wa kilima. Mwamba wetu ni laini, unakatika vizuri, lakini una hila zake. Baba aliugonga kwa kidole, akatega sikio, akajua. Hapakuwa na mtu vilimani pote aliyemshinda kwa hilo, naye alilijua hilo kuliko mtu yeyote.

Siku ile nilikuwa nimewapelekea Baba na Volero chakula cha mchana kazini. Volero akapanda kutoka kisimani, nyusi nyeupe kwa vumbi.

"Baba, ukuta wa mbele una ufa," akasema. "Jana haukuwepo."

"Ufa wa kiasi gani?"

"Ukucha unaingia."

"Ukucha!" Baba akawageukia wachimbaji wengine waliokuwa wameketi wakimenya vitunguu. "Mmesikia, jamani? Bwana mdogo ukucha wake umeingia kwenye mwamba, sasa anataka tufunge kazi twende tukalale."

Wakacheka. Volero hakucheka. "Njoo uugonge mwenyewe. Sauti yake siipendi."

Goti la Baba lilikuwa limevimba wiki nzima, na kushuka kisimani kulimtoa machozi, ingawa asingekubali kulisema. "Tangu uoe umekuwa mwoga wa giza," akasema. "Huyo Rutilia anakutilia nini kwenye uji? Shuka, bwana. Zimebaki hatua nane tutokee."

Wale wanaume wakacheka tena. Volero akafuta uso kwa mkono, akaichukua sururu yake. Alipopita karibu nami akaninong'oneza, akimwonyesha mchimbaji mmoja kwa kidevu, "Dada, niwekee zeituni zangu. Ukimwachia Spurius atamaliza zote."

Sikuwa nimemaliza kuwapakulia maharage nilipohisi ardhi ikitikisika chini ya nyayo, kama pale mkokoteni wenye mzigo unapopita. Kisha vumbi likapanda kutoka kisimani, polepole, kama moshi wa kuni mbichi.

Walichimba siku mbili. Baba alishuka na goti lake hilo hilo, akachimba kwa sururu, kisha kwa mikono, mpaka kucha mbili zikang'oka. Walimkuta Volero amepiga magoti, paji la uso limegusa ukuta. Baba alimwosha mwenyewe, hakuniruhusu hata kushika kitambaa.

Rutilia alishikwa na uchungu wiki mbili baada ya mazishi. Mkunga alimpokea mtoto, akamlaza sakafuni karibu na meko, kama ilivyo desturi, ili baba yake ainame amwinue na kila mtu ajue kwamba ni wake. Sote tukabaki tunakiangalia kile kitoto kikirusha miguu juu ya sakafu. Mkunga akakohoa. Ndipo Baba akasogea, akashika ukingo wa meza, akashusha lile goti bovu na kumwinua.

Siku ya tisa ilipofika nilikuwa nimeoka mkate wa asali, na Baba alikuwa ameshona kikoba cha ngozi cha kumkinga mtoto na macho mabaya. Rutilia alikuwa ameniambia tangu asubuhi kwamba mtoto ataitwa Volero. Hakudhani kuna jambo la kujadili. Baba akamvalisha mtoto kikoba, akamgeuza kuelekea moto wa nyumba, akasema, "Huyu ni Opiter."

Hilo ni jina la zamani sana. Hata wakati ule vijana wengi hawakuwahi kulisikia. Ni maneno mawili ya wazee wetu, babu na baba, yaliyosemwa haraka vizazi na vizazi mpaka yakashikana yakawa moja. Hupewa mtoto ambaye baba yake amekufa na babu yuko hai, kuonyesha kwamba babu amekaa mahali pa baba. Katika ukoo wetu alikuwa nalo mmoja tu kabla, ndugu yake babu wa Baba, aliyezaliwa mwaka wa tauni. Si jina ambalo mtu hulichagua kwa kulipenda.

Rutilia alilijua. Akasimama huku bado hana nguvu. "Baba, hilo si jina, ni tangazo la msiba. Nitakuwa namwita aje kula, na papo hapo namwambia baba yako amekufa."

"Si amekufa?"

"Mwite Volero."

Baba alikuwa bado amempa mgongo. "Hilo siwezi kuliita uani kila siku, mwanangu," akasema. "Nisamehe. Siwezi."

Rutilia akaketi. Alidhani ni ukaidi wa mzee. Mimi niliyekuwepo pale kisimani nilijua ni kitu gani, lakini nilinyamaza, na kunyamaza huko ni dhambi yangu mimi.

Mjane kwetu hukaa miezi kumi kabla ya kuolewa tena. Ilipokwisha, baba yake Rutilia alikuja na habari kwamba amempatia mume, Statius, mfuga kondoo wa Tibur, mtu mzima na mpole. Rutilia alikuwa na miaka kumi na tisa. Hakuulizwa. Mtoto naye hakuulizwa: mtoto ni wa ukoo wa baba, na mahali pa baba alikuwepo babu. Hiyo ndiyo sheria, na jina lake lilikuwa limeshaisema.

Asubuhi ya kuondoka Rutilia alinipa maagizo kana kwamba anakwenda sokoni. "Wifi, maharage uyaponde, mazima hayataki. Ukimwogesha umshike kichwa, anapenda kujitupa nyuma." Kisha akamfuata Baba mlangoni. "Nilikuwa najiuliza kwa nini jina lile linanichoma," akasema. "Sasa nimejua. Babu yumo, baba yumo. Mama hayumo."

Mkokoteni ukaondoka, na mtoto mikononi mwangu akawa anacheka, kwa sababu ng'ombe mmoja alikuwa anapiga chafya.

Baba hakuchimba tena. Watu walikuja kutoka mbali wakimbembeleza, akawaambia ameisahau kazi. Alikaa uani na mjukuu wake. Alimchongea farasi wa mti, akamfundisha kutega ndege, akamlisha tini mpaka mtoto akaharisha. Lakini mtoto akisogelea shimo lolote, hata tundu la sungura, Baba aliruka kama kijana na kumvuta nyuma kwa nguo.

Opiter alipofika miaka saba, watoto wa pale tunapofulia walimtungia maneno. Siku hiyo alirudi nyumbani pua inavuja damu.

"Wananiambia baba yangu ni babu yangu," akasema, amesimama mbele ya Baba. "Wanasema mama alilala na mkwewe, ndiyo maana naitwa hivi. Ni kweli?"

Mimi nikaruka, "Nani kasema? Mtoto wa nani?" Baba akaninyamazisha kwa kiganja.

"Kaa hapa," akamwambia. "Baba yako aliitwa Volero. Alikuwa mwanangu."

Ilikuwa mara ya kwanza katika miaka saba kulisikia jina lile kinywani mwake. Akamweleza yote: ufa, ukucha, vitunguu, wanaume waliocheka. Hakujipunguzia hata kidogo. "Aliniambia mwamba ni mbaya. Nikamfanyia mzaha mbele ya watu. Hakushuka kwa kuamini kwamba ni salama. Alishuka kwa sababu ya kicheko changu."

Mtoto akafuta pua kwa mkono. "Ulijua utaanguka?"

"Sikujua. Yeye alijua."

"Na mama? Naye alikufa humo?"

Hapo Baba alinitazama mimi. Tulikuwa hatujawahi kumwambia. Kila mmoja alikuwa akimwachia mwenzake.

"Mama yako yuko Tibur," Baba akasema. "Ni mzima."

"Basi nipeleke."

Jioni hiyo nilimpinga Baba kadiri nilivyoweza. Nilimwambia mtoto ndiye mwanamume pekee atakayebaki katika ukoo, kwamba hakuna sheria inayomlazimisha, kwamba mtoto wa miaka saba hajui anachokitaka. Nilimwambia pia lile la kweli, kwamba mimi sina mtoto mwingine.

"Nimemnyima baba," akasema. "Nikampa jina linalosema nitakuwa baba yake. Baba gani anamficha mtoto mama yake?"

Tulikwenda siku mbili, Opiter juu ya punda, Baba akichechemea mbele. Tibur tulielekezwa nyumba ya Statius, na Rutilia ndiye aliyefungua, mtoto mchanga kiunoni, mwingine ameshika nguo yake. Alikuwa amenenepa. Alimwona Baba, akaniona mimi, kisha akaona aliyekuwa juu ya punda, akashika mlango.

Statius akatoka nyuma yake akipangusa mikono. Baba akamwambia, "Nimemleta mtoto kwa mama yake. Si kwa kutembea. Kama mtampokea."

"Mzee, mtoto ni wako," Statius akasema. "Hakuna aliyekudai hapa."

"Najua."

Statius akamwangalia mkewe, akaangalia wale wadogo. "Pale mezani wanakula wawili," akasema. "Watatu watakula."

Opiter alikuwa ameshuka, amejificha nyuma yangu. Njia nzima alikuwa akiimba kwamba anakwenda kwa mama, na sasa mama mwenyewe ni mwanamke asiyemjua. Rutilia alimpa Statius kichanga, akachuchumaa, lakini hakumshika.

"Unaitwa nani?" akamuuliza.

"Opiter."

"Linakupendeza?"

"Wananicheka."

"Hapa hawalijui," Rutilia akasema. "Hapa watadhani ni jina tu, kama mengine. Una njaa?"

Mtoto akafikiri, akasema anayo. Rutilia akanyoosha mkono, naye akaushika, wakaingia ndani. Baba alibaki amesimama pale kwenye jua. Nilijua anangoja mtoto ageuke. Tulimsikia ndani akiuliza kama jibini ile ni ya kondoo au ya mbuzi, na mtoto mwingine akamcheka kwa kutojua, na yeye naye akacheka.

"Twende," Baba akasema.

Aliishi miaka miwili baada ya hapo. Kila msafiri wa Tibur aliyepita, Baba alimwita, akampa maji, akamuuliza kama anamjua mtoto fulani kwa Statius, mrefu sasa, mwenye sauti nzito. Wengi hawakumjua. Mmoja alisema alimwona akichunga na kwamba ana mbwa. Baba aliishi na habari za huyo mbwa msimu mzima: ni mkubwa kiasi gani, ana rangi gani, anauma? Alipokufa nilituma habari, lakini mvua zilikuwa zimeikata njia, na habari ilifika tumeshamzika.

Opiter alikuja mara moja tu. Alikuwa na miaka ishirini na miwili, anapeleka sufu ya kondoo pwani, akazunguka makusudi apitie kwangu. Anazungumza kama watu wa Tibur, wanavyomeza mwisho wa maneno. Alinisalimu, "Shangazi," akaichungulia nyumba kama mgeni, na naona hakuikumbuka. Nilimpeleka makaburini. Alisimama kwanza kwa baba yake, ambaye hakuwahi kumwona, halafu kwa Baba.

Tulipokuwa tunakula alisema kwamba mara moja tu ametokea mzee kule akamuuliza maana ya jina lake, na alipomweleza, yule mzee alimpa pole. "Sikujua anipe pole ya nani," akasema.

Kisha akaweka kijiko chini. "Siku ile mliponiacha. Babu alisema nini njiani?"

Ningeweza kumtungia kitu kizuri. Nikamwambia kweli. "Alizungumza mashamba. Siku mbili nzima. Hapa maji yamesimama, pale wangepaswa kukata handaki kuanzia kwenye ule mti, watu hawa wavivu hawa. Mtu ambaye miaka saba hakutaka hata kulisikia neno handaki. Nilidhani amepata kichaa. Aliongea mpaka tulipofika mlangoni."

"Halafu?"

"Halafu akaingia, akakuta farasi wako wa mti sakafuni, akanyamaza."

Opiter aliinama juu ya bakuli. Nilimwona mabega yakitikisika, nikaondoka nikaenda kuchungulia moto ambao haukuhitaji kuchunguliwa. Niliporudi alikuwa ameshafuta uso na anakula. Akaomba nimwongeze. Aliondoka kabla jua halijawa kali, akasema atarudi baada ya kukata manyoya ya kondoo, na sasa ni miaka kumi na mmoja tangu hapo.