Maandishi ya Chini

1.

ANATAFUTWA: mwanamume wa sura ya msituni, umri wowote. Kiswahili si lazima. Viatu haviruhusiwi.

2.

Lesingo, Mwogiek wa msitu wa Kapsorok, alikwenda na viatu vyake na diploma ya uigizaji. Viatu alivuliwa. Diploma hakuna aliyeiuliza.

"Nisome mistari gani?"

"Sema chochote kwa lugha yenu," mwelekezi wa filamu akasema. "Hakuna atakayeelewa."

3.

Alichosema mbele ya kamera, na kilichoandikwa chini ya picha:

"Mama, mguu umepona?"
*Mizimu imekasirika.*

"Nyuki wamerudi kwenye mzinga wa babu?"
*Tutakula nyama yao.*

"Nitakuja Krismasi."
*Ueni.*

4.

Kule Kapsorok mama yake, Tapkigen, aliketi mbele ya tivii ya dukani na kumjibu. Hakujua kusoma. Kwake filamu zilikuwa barua, na mwanawe hakuchoka kumwandikia.

"Mguu umepona," aliiambia tivii. Wateja wakacheka.

Nawe msomaji usijitoe. Ulizitazama zote, ukasema jamaa anauweza ushenzi.

5.

Filamu ya kumi na moja. Lesingo ameshika mwenge, nyuma yake inawaka miti ya maboksi.

"Mama, nimechoka. Funga mlango ulale."

*Msitu huu tumeuteketeza sisi wenyewe.*

6.

KAMATI YA ARDHI YA MSITU WA KAPSOROK
Yah: Kuondolewa kwa wakazi

Kielelezo Na. 7: Video ya mkazi akikiri kuchoma msitu.

Ombi la mkazi huyo la kutafsiri maneno yake limekataliwa, kwa kuwa ana maslahi katika shauri hili. Maandishi yaliyomo yanatosha.

Nyumba zitachomwa Alhamisi, saa tatu asubuhi.

7.

Dirishani pa ofisi:

"Lakini aliyesema ni mimi."

"Ndiyo. Nasi tumesoma."

8.

Tapkigen alipoambiwa hakulia. Aliuliza jambo moja tu: kama kweli alikuwa amechoka, mbona hakurudi nyumbani?

Lesingo aliona aibu, akainama kufunga kamba za viatu ambazo zilikuwa zimefungwa.

9.

Simu. Ni mwelekezi.

"Pole sana, kaka, nimesikia. Sasa hiyo Alhamisi, tukija na kamera mbili? Hatutahitaji kujenga kijiji. Na mama, kama anaweza kulia kidogo..."

Lesingo alitaka kumtukana hadi ukoo. Kisha akawaza: mbele ya kamera, askari huenda wakasita.

Huenda.

"Mtafika saa ngapi?" akauliza.

10.

Alhamisi.

Tapkigen amesimama mlangoni pake, amefunikwa joho la ngozi ya perere, mnyama wa mitini, lililoletwa na watu wa mavazi. Ameambiwa avue ndara. Askari wana petroli. Wamekaa sawa, wengine wamechana nywele. Hakuna aliyesita.

"Mama asogee kushoto kidogo," mwelekezi anasema. "Hapo hapo."

Tapkigen anamtazama mwanawe.

"Niseme nini?"

Lesingo anafungua mdomo, na kwa lugha ya mama yake anasikia yakitoka maneno ya mtu mwingine:

"Chochote, mama. Hakuna ataka