Mashine Mbili, Chumba Kimoja

Nawategea, nanyi mfikiri kabla ya kupayuka: nimesimama kwenye foleni tangu asubuhi, waliokuja nyuma yangu wamenipita, nami nikitoka tu naambiwa nikaanzie mkiani. Mimi nani?

Wajukuu zangu walisema konokono. Mmoja akasema babu aliyesinzia kliniki. Wapi. Ni mama yenu mkubwa, nikawaambia, binti yangu wa kwanza, fundi wa chumba cha kushonea katika hospitali ya serikali.

Chumba chenyewe nimekiona. Kadirisha kenye nondo, mashine mbili zinazotazamana, mashuka yamepangwa hadi darini. Shuka la wodini likichakaa katikati hawalitupi. Wanalichana, kingo za pembeni wanazileta kati na kuziunga, linalaliwa tena. Kazi hiyo binti yangu ndiye aliyemfundisha mwenzake, msichana mwembamba aliyekuja hajui hata kutunga uzi. Akamwita Sindano, naye akaitwa dada.

Basi ofisi ikatangaza kwamba mwenye cheti cha ushonaji atapandishwa ngazi ya mshahara. Binti yangu akamsukuma Sindano akasome.

"Na wewe je?" nikamuuliza.

"Mama, tukienda wote nani atashona? Atangulie yeye, mimi nitafuata."

Mwaka mzima akashona fungu lake na la mwenzake, akirudi nyumbani mgongo umekauka kama ubao. Sindano akaleta cheti, akapandishwa. Zamu ya binti yangu ilipofika, ofisi ikasema ruhusa za masomo zimesitishwa. Hivyo tu. Mwanafunzi akawa anapokea zaidi ya mwalimu wake, kwa shuka lilelile.

Binti yangu akapeleka shauri kwenye baraza la kazi, akidai kazi moja ilipwe mshahara mmoja. Ofisi ikajibu kwamba kazi zao si moja. Na ikionekana ni moja, ikasema, basi Sindano alipandishwa kimakosa, naye atashushwa.

"Omba uhamisho," nikamwambia binti yangu.

"Anayeomba mwenyewe kuhama anapoteza miaka yake yote. Huko niendako nitaandikwa wa mwisho, na mvi zangu hizi."

"Acha kazi, basi."

"Na kiinua mgongo nikipoteze? Nitakula upepo, mama?"

Nikainuka kumchemshia maji ya kukandia mgongo, mimi ninayesemwa kwamba mdomo wangu hauna likizo.

Wakili wa chama cha wafanyakazi akamweleza wazi: wanaoijua kazi ya chumba kile ni wawili tu. Sindano asiposema, shauri halina miguu. Binti yangu akamuuliza wakiwa wamekaa kwenye mashine zao, "Mdogo wangu, ukiitwa, utasema kazi yetu ni moja?"

Sindano akakanyaga mashine. Hakujibu siku ile, wala wiki ile, wala mwezi ule. Wakawa wanashinda humo, magoti yanakaribia kugusana, maneno yao ni "nipe mkasi" na "chukua". Chai bado wanamimina kutoka chupa moja.

"Si bora mgombane yaishe?" nikamwambia.

"Hata kugombana hatuwezi. Tukigombana, nani atanishikia upande wa pili wa shuka?"

Siku ya shauri nilimsindikiza. Kwenye ukumbi mwembamba wa nje palikuwa na benchi moja, na Sindano alishakaa.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Watoto?"

"Wazima. Mkubwa kaingia sekondari. Ya kulipia."

Nikakaa katikati yao kama mto wa kochi. Huku bega la binti yangu limeniegemea, huku la Sindano ni gumu kama mlingoti. Karani akachungulia mlangoni, akasema shahidi ajiandae.

Binti yangu akainama mbele yangu ili amwone mwenzake. "Sindano, ukitaka nilifute shauri, sema sasa hivi. Nitalifuta. Ila usiniache hivi. Nilikuuliza kitu."

Sindano alikuwa anakunja na kukunjua pindo la mtandio wake. Akainuka, akatazama ule mlango, sisi hakututazama.

"Nitasema ni moja, dada," akasema. "Na wakinishusha nitakuchukia. Kesho ufungue mapema, kuna magauni ya chumba cha upasuaji, siwezi kuyakata peke yangu."