Dangdut Saluni kwa Antoinette

Kule Buyenzi, Bujumbura, Shamimu alikuwa akiimba kwenye harusi pamoja na dada yake, Amira. Vita vilipoingia mtaani kwao, Amira aliuawa, na Shamimu akakimbia peke yake hadi Brussels. Mwaka ule wa 1997 alikuwa akisuka nywele katika saluni ya Maman Antoinette, mwanamke wa Bukavu, ndani ya Galerie d'Ixelles. Wateja walimpenda kwa mkono wake mwepesi. Kuimba, hakuna aliyewahi kumsikia.

Jumamosi moja aliingia Wiwik, Mwindonesia aliyekuwa yaya wa watoto huko Uccle. Alitaka kuongezewa nywele, maana kesho yake angeimba kwenye sherehe ya Waindonesia. Akaomba kanda yake iwekwe kwenye redio, afanye mazoezi huku anasukwa.

Ngoma ikaanza kudunda, dang, dut, dang, dut, na filimbi ikijipinda juu yake.

"Hii ndiyo dangdut," Wiwik akasema kwa Kifaransa. "Kwetu huwezi kupita sokoni usiisikie."

Vidole vya Shamimu vikasita. Sauti ile aliijua. Ilitoka kwenye filamu ya Kihindi waliyoitazama utotoni, na yeye na Amira wakaitungia maneno ya Kiswahili. Kabla hajajizuia, alikuwa ameshaanza kuimba.

Wiwik aligeuka ghafla, nywele zikamponyoka msusi. "Wimbo wetu umeujulia wapi?"

"Wenu? Huu ni wetu! Nimeuimba harusi ngapi!"

"Kumbe unajuaka kuimba!" Antoinette akadakia. "Na unatunyamazia hivi? Bon, imbeni bote bawili, sisi tutakata maneno, wimbo ni wa nani."

Waliimba, kila mmoja kwa lugha yake, wala hakuna aliyeshinda. Neno moja tu lilifanana, *dunia*, na kila walipolifikia walilipandisha kwa nguvu, wakicheka. Wiwik akamwomba Shamimu waimbe pamoja kesho.

Lakini kesho yake, nyuma ya jukwaa, mwandalizi wa sherehe, Bwana Hartono, aliwazuia.

"Dangdut hapana. Wageni wa Kibelgiji wamekuja kuona gamelani na ngoma za ikulu."

"Lakini Bapak, kwetu watu wote wanaipenda."

"Ndiyo maana haifai kuonyeshwa wageni. Ni ya sokoni."

Wakaketi viti vya nyuma. Gamelani ilikuwa nzuri kweli, kengele za shaba zikiitikiana polepole, na Shamimu hakuiona ubaya. Ila Wiwik alikuwa akifuta wanja kwa kiganja, na hilo Shamimu hakuweza kulivumilia. Akamshika mkono, akampeleka jikoni, ambako akina mama wa Kiindonesia walikuwa wakikaanga tempe, vipande vya soya. Akapindua beseni la plastiki na kulipiga.

"Haya, imba."

Ubeti wa kwanza walikwenda vizuri. Wa pili ulikuwa wa Amira. Shamimu alikuwa amesahau hilo mpaka ulipofika, akaacha kuimba. Mikono tu ndiyo iliyoendelea kupiga beseni. Wiwik hakujua kilichomsibu, lakini aliuchukua ubeti ule akauimba kwa lugha yake, na akina mama wakaitikia, vijiko mkononi. Bwana Hartono akachungulia, akawatazama kidogo, kisha akaufunga mlango taratibu. Hakuwakataza.

Wakiteremka Chaussée d'Ixelles jioni ile, Shamimu alimweleza Wiwik habari za Amira: jinsi alivyokuwa akiimba amefumba macho, jinsi alivyopenda kubishana na wapiga ngoma. Alikuwa hajalitamka jina lile mbele ya mtu tangu alipofika Ulaya.

Miezi michache baadaye Warundi walimwalika kuimba harusini Anderlecht, akaenda na Wiwik. Walipomaliza, bibi mmoja wa Buyenzi alimvuta Shamimu kando.

"Mchina wako ana sauti, alors! Ila wimbo wetu anauharibu maneno."

Shamimu alicheka hadi akashika mbavu. Halafu akamketisha Wiwik karibu na bibi yule, amfundishe mwenyewe, naye akaenda kuwatafutia pilau.